Ifahamu Edwin Fox, meli pekee iliyosalia kati ya zilizobeba wafungwa kwenda Australia

KATIKA mji mdogo wa bandari wa Picton, kaskazini mwa Kisiwa cha Kusini cha New Zealand, kuna gofu la meli ya mbao lililohifadhiwa ndani ya chelezo kikavu. Halina milingoti wala matanga, na mbao zake zimekuwa nyeusi kwa uzee.

Hilo ndilo lililosalia la Edwin Fox, meli ya biashara iliyoundwa Bengal, India, mwaka 1853. Baina ya mwaka 1788 na 1868 Serikali ya Uingereza iliwahamishia Australia wafungwa wapatao 162,000 kwa safari takriban 800 za meli. Katika meli zote zilizofanya kazi hiyo, ni Edwin Fox tu ambayo mwili wake bado upo.

Mtu anaposikia habari za meli ya wafungwa, huenda akafikiria jela inayoelea, yenye minyororo ukutani na vyumba vya mateso, ambayo kazi yake tangu kuundwa ilikuwa ni hiyo. Ukweli ni tofauti na hivyo. Meli nyingi kati ya hizo zilikuwa za kawaida za mizigo. Serikali ilizikodi kwa safari moja au mbili, mafundi wakatia nguzo na milango ya chuma katika sitaha ya chini, na baada ya wafungwa kuteremshwa vitu hivyo viling'olewa. Msimu uliofuata mahali pale pale palipolala watu palijaa mchele, chai au bia.

Edwin Fox ilibeba askari, vibarua, wafungwa, walowezi, nyama na makaa ya mawe. Wafungwa ni safari moja tu katika maisha yake yote, lakini ndiyo inayoipa umaarufu leo. Anayefuatilia maisha ya meli hii atatambua pia kuwa usalama wa waliosafiri katika meli za aina yake ulitegemea jambo moja kuliko bahari au uhodari wa nahodha, nalo ni jinsi mkataba wa malipo ulivyoandikwa.

Mbao za msaji

Meli hiyo iliundwa Sulkea, kando ya Mto Hooghly, mkabala na mji wa Calcutta ambao sasa unaitwa Kolkata. Wakati huo viwanda vya meli vya Bengal vilikuwa na sifa kubwa, kwa kuwa vilikuwa karibu na misitu ya msaji, ambao wengi hapa kwetu wanaujua kwa jina la mtiki.

Msaji una mafuta ya asili yanayoukinga dhidi ya kuoza na kuliwa na wadudu, na hauli misumari ya chuma upesi kama ufanyavyo mwaloni wa Ulaya. Ndiyo maana waundaji wa majahazi wa Oman na Ghuba nao waliagiza msaji kutoka pwani ya Malabar kwa karne nyingi. Mwaloni ungekwisha oza zamani. Kama Edwin Fox ingeundwa katika mito ya Uingereza, yamkini pasingekuwa na meli ya kuandikiwa makala hii.

Ilikuwa na urefu wa meta 48 hivi na upana wa meta 9. Urefu huo haufiki nusu ya uwanja wa mpira wa miguu. Uzito wake kwa kipimo cha zamani cha ujazo ulikuwa tani 836, na sehemu ya chini ilifunikwa kwa mabati ya mchanganyiko wa shaba na zinki ili kuzuia funza wa baharini. Haikuwa meli ya fahari wala ya kasi. Miaka ile ile zilikuwapo meli nyembamba zenye mbio, zilizoshindana kuwahisha chai ya China sokoni London. Edwin Fox iliundwa iwe na tumbo pana, ibebe vingi na itumie mabaharia wachache kadiri ilivyowezekana.

Safari yake ya kwanza iliipeleka London kwa kupitia Rasi ya Tumaini Jema, kwa kuwa Mfereji wa Suez ulikuwa haujachimbwa. Huko ikaingia mikononi mwa Duncan Dunbar, tajiri aliyekuwa miongoni mwa wamiliki wakubwa wa meli nchini Uingereza.

Jina la Dunbar lina nafasi kubwa katika habari hii. Kati ya safari 37 za wafungwa kwenda Australia Magharibi, karibu theluthi moja zilifanywa na meli za tajiri huyo. Kwa mwenye meli, kazi ya Serikali ilikuwa biashara isiyo na wasiwasi. Malipo yalikuwa ya uhakika, shehena haikukosekana, na baada ya kuiteremsha meli ilikuwa huru kwenda India au China kutafuta mzigo mwingine wa kurudi nao.

Kazi ya Serikali iliyoiangukia Edwin Fox kwanza ilikuwa ya vita. Mwaka 1854 Uingereza na Ufaransa ziliingia katika Vita ya Crimea zikiwa upande wa Dola ya Uthmaniya dhidi ya Urusi, na meli za biashara zikakodiwa kwa wingi kubeba askari na zana zao. Edwin Fox ilikuwa mojawapo. Mwaka 1856, vita ilipokwisha, ikapeleka abiria Melbourne, kisha ikafanya biashara baina ya bandari za China.

Kutoka China hadi Cuba

Katika miaka hiyo pia ilichukua vibarua wa Kichina na kuwapeleka Cuba. Safari hiyo husahaulika mara nyingi katika simulizi za meli hii, nami naona haistahili kusahauliwa.

Cuba ilikuwa koloni la Hispania lenye mashamba makubwa ya miwa, na utumwa ulikuwa bado halali huko. Haukukomeshwa hadi mwaka 1886. Biashara ya kuleta watumwa kutoka Afrika ilipozidi kubanwa na manowari za Uingereza, wenye mashamba walianza kuagiza vibarua kutoka China kwa mikataba ya miaka minane. Wengi wa vibarua hao walidanganywa, na wengine walitekwa nyara. Mkataba wa kibarua uliuzwa mnadani Havana, na mwenye mkataba ndipo alipouzwa naye.

Baina ya mwaka 1847 na 1874 Wachina wapatao 125,000 walifikishwa Cuba. Waliofia njiani walizidi 15,000. Ni zaidi ya mtu mmoja kwa kila kumi waliopanda. Meli nyingi zilizofanya kazi hiyo zilikuwa za mataifa ya Ulaya na Marekani, nazo hazikuwa mbovu kuliko nyingine. Tatizo ni kwamba hapakuwa na mtu ndani yake mwenye mamlaka ya kumbishia nahodha kuhusu maji, chakula au hewa.

Somo la mwaka 1790

Kwa upande wa wafungwa Serikali ya Uingereza ilikuwa imekwisha kulipata somo hilo, tena kwa aibu, zaidi ya nusu karne kabla.

Uingereza iliwahi kuwapeleka wafungwa wake katika makoloni ya Amerika. Mlango huo ulifungwa makoloni hayo yalipoasi mwaka 1775 na kutangaza uhuru mwaka uliofuata. Jela zikajaa, na meli kuukuu zilizoegeshwa katika Mto Thames zikageuzwa kuwa magereza. Ndipo ikaamuliwa wafungwa wapelekwe Australia. Msafara wa kwanza wa meli 11, chini ya Arthur Phillip, uling'oa nanga Mei 1787 na kufika Januari 1788. Ulikuwa umeandaliwa kwa uangalifu, na waliokufa njiani hawakuwa wengi.

Msafara wa pili, wa mwaka 1790, ulikuwa balaa. Kazi ilipewa kampuni ya London iliyokuwa na uzoefu wa biashara ya watumwa. Kampuni hiyo ililipwa takriban pauni 17 kwa kila mfungwa aliyepandishwa melini, awe amefika hai au amefia njiani. Kwa hesabu hiyo mfungwa aliyekufa mapema alikuwa faida, kwa sababu chakula chake kilibaki na kingeweza kuuzwa.

Katika meli tatu kuu za msafara huo, Neptune, Surprize na Scarborough, walipanda wafungwa wapatao 1,000. Zaidi ya 250 walikufa safarini. Wengine walifikishwa Sydney wakiwa hawawezi kusimama, wamejaa chawa na kiseyeye, na baadhi yao walikata roho wakati wa kuteremshwa.

Baada ya hapo mikataba ilianza kubadilishwa, japo polepole. Sehemu ya malipo ilizuiwa hadi mfungwa atakapofikishwa akiwa na afya njema, na madaktari nao wakawekewa kitita kwa kila aliyefika hai. Mwaka 1814 meli nyingine kadhaa zilifika na vifo vingi. Daktari William Redfern wa Sydney, ambaye mwenyewe aliwahi kupelekwa huko akiwa mfungwa, aliandika taarifa iliyoeleza chanzo chake kuwa ni uchafu, ukosefu wa hewa na madaktari waliomwogopa nahodha.

Kuanzia mwaka 1815 kila meli ya wafungwa iliwekewa daktari wa Jeshi la Wanamaji aliyepewa mamlaka kamili juu ya afya ya wafungwa. Vifo vikashuka hadi takriban mtu mmoja katika kila mia.

Msomaji anaweza kulinganisha mwenyewe. Katika miaka ya 1850 meli za aina moja zilikuwa zikivuka bahari zile zile. Mhalifu wa Kiingereza aliyehukumiwa alikuwa na nafasi kubwa zaidi ya kufika salama kuliko kibarua wa Kichina ambaye, kwa mujibu wa karatasi, alikuwa mtu huru aliyetia saini mkataba wa kazi.

Safari ya Fremantle

Edwin Fox ilikodiwa kubeba wafungwa mwaka 1858. Kufikia wakati huo maeneo ya mashariki mwa Australia yalikuwa yameukataa mpango huo. New South Wales ilikuwa imeacha kuwapokea tangu mwaka 1840, na kisiwa ambacho leo kinaitwa Tasmania tangu mwaka 1853.

Lililobaki ni koloni la Australia Magharibi. Lilianzishwa mwaka 1829 kama makao ya watu huru, tena waanzilishi wake walijivunia kutokuwa na wafungwa. Lakini ardhi ilikuwa ngumu na vibarua hawakupatikana, hata uchumi ukadorora kwa miaka 20. Hatimaye walowezi wenyewe wakaiomba Serikali iwaletee wafungwa, kwa kuwa kila mfungwa alikuja na mikono ya kufanyia kazi na fedha za Serikali za kumtunza. Meli ya kwanza, Scindian, ilifika Juni 1850. Wanawake hawakupelekwa katika koloni hilo. Wafungwa wote walikuwa wanaume.

Edwin Fox iliondoka Plymouth mwishoni mwa Agosti 1858 ikiwa na wafungwa wapatao 280, pamoja na askari wastaafu waliokuwa walinzi, wake zao na watoto wao. Askari hao walipewa nafasi ya kuhamia Australia na kupatiwa ardhi kwa malipo ya kuwalinda wafungwa safarini. Katika miaka hiyo wengi wao walikuwa wamepigana Crimea, vita ambayo meli hiyo nayo iliitumikia.

Wafungwa walilala sitaha ya chini. Mwanga uliingia kupitia matundu ya juu yaliyofungwa kwa nondo, na kimo kilikuwa kidogo kiasi kwamba mtu mrefu alilazimika kuinama. Kati yao na walinzi palikuwa na ukuta mnene wenye matundu ya kupenyeza bunduki.

Taratibu za kila siku katika meli hizo zilikuwa kali. Alfajiri malazi yalikunjwa na kupelekwa juu, sitaha ikasuguliwa, na wafungwa wakapandishwa kwa makundi kupata hewa. Maji ya ndimu yaligawiwa ili kuzuia kiseyeye. Aidha, yalikuwapo madarasa ya kusoma na kuandika pamoja na ibada. Minyororo haikuwa jambo la kila siku kama picha za siku hizi zinavyoonyesha, bali iliwekwa kwa ajili ya wakorofi.

Hata hivyo, safari haikuwa ya raha. Katika ukanda wa joto lami ya kuziba nyufa iliyeyuka na kudondoka. Katika bahari ya kusini baridi ilikuwa kali, na mawimbi yalipokuwa makubwa milango ya juu ilifungwa, watu karibu 300 wakabaki gizani na ndoo zao. Na kwa walio wengi ilikuwa safari ya kwenda tu. Kurudi kwa gharama yake mwenyewe lilikuwa jambo ambalo mfanyakazi wa kawaida hakulimudu.

Meli ilifika Fremantle mwezi Novemba, chini ya miezi mitatu tangu iondoke. Waliotarajia jangwa walikuta gereza kubwa la mawe ya chokaa ambalo wafungwa waliowatangulia walikuwa wakilijenga tangu mwanzoni mwa muongo ule. Walikamilisha ujenzi mwaka 1859. Gereza hilo liliendelea kutumika hadi mwaka 1991, na mwaka 2010 liliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO pamoja na maeneo mengine 10 ya kumbukumbu za wafungwa wa Australia.

Wafungwa walijenga barabara, madaraja na majengo ya Serikali. Mwenye tabia njema alipata hati ya ruhusa, akaweza kuajiriwa na mtu binafsi, kuoa na kukaa kijijini, ila hakuruhusiwa kutoka wilaya yake bila kibali.

Wenyeji wa ardhi hiyo, Wanoongar, hawakuulizwa lolote. Toka fukwe za Fremantle huonekana kisiwa cha Rottnest, ambacho wao hukiita Wadjemup. Tangu mwaka 1838 kisiwa hicho kilikuwa gereza la wenyeji, na kwa miaka karibu 100 maelfu ya wanaume na wavulana walifungwa huko, wengi kwa makosa kama kuchinja mifugo ya walowezi katika ardhi waliyozaliwa. Kwa hiyo Edwin Fox ilipotia nanga, upande mmoja palikuwa na gereza la walioletwa kwa meli na upande wa pili gereza la waliokutwa pale.

Mpango huo ulikoma mwaka 1868. Meli ya mwisho, Hougoumont, ambayo nayo iliwahi kuwa mali ya Dunbar, ilifika Fremantle Januari mwaka huo ikiwa na wafungwa wapatao 280. Kati yao 62 walikuwa wapigania uhuru wa Ireland. Sita wa kundi hilo waliokolewa mwaka 1876 na meli ya Kimarekani iliyojifanya inavua nyangumi, Catalpa, kisa ambacho ni makala nyingine. Jumla ya wafungwa waliopelekwa Australia Magharibi ilikaribia 10,000.

Walowezi wapiga pampu

Baada ya kuwateremsha wafungwa Edwin Fox ilirejea katika biashara kama vile hakuna kilichotokea. Ilibeba askari na bidhaa kwenda India, bia ikiwemo, kiasi kwamba mabaharia waliitania kwa kazi hiyo. Dunbar alifariki mwaka 1862 na meli zake nyingi zikauzwa.

Mwaka 1867 ilibadilishwa matanga. Mlingoti wa nyuma, uliokuwa na matanga ya mraba kama mingine miwili, ulipewa tanga linalofuata urefu wa chombo, namna ilivyo katika majahazi yetu. Sababu ilikuwa gharama, kwa kuwa tanga la aina hiyo huhitaji mikono michache. Miaka miwili baadaye Mfereji wa Suez ukafunguliwa. Meli za moshi zikachukua njia fupi ya India na China, na vyombo vya matanga vikasukumwa kwenye safari ndefu ambako makaa ya mawe yalikuwa ghali.

Safari ndefu kuliko zote ilikuwa ya New Zealand. Kuanzia mwaka 1870 serikali ya koloni hilo, kwa mpango uliobuniwa na Julius Vogel, ilikopa fedha nyingi Uingereza ili kujenga reli na kuleta wahamiaji waliolipiwa nauli. Wahamiaji hao waliongeza msukumo wa kuitwaa ardhi ya Wamaori, ambayo tayari ilikuwa imepiganiwa vitani. Kampuni ya Shaw Savill iliitumia Edwin Fox kwa safari nne za wahamiaji, katika miaka ya 1873, 1875, 1878 na 1880. Walisafiri nayo watu 751.

Safari ya mwaka 1873 nusura iwe ya mwisho. Meli ilikumbwa na tufani katika Ghuba ya Biscay, ikaanza kuvuja, na abiria wakalazimika kushika pampu wenyewe. Hatimaye ilivutwa hadi Brest, Ufaransa, kufanyiwa matengenezo, kisha ikaendelea na kufika Lyttelton mwezi Juni. Ya mwaka 1875 nayo ilianza vibaya, kwani meli iligongana na nyingine kabla haijaiacha pwani ya Uingereza.

Waliolipiwa nauli hawakuwa wafungwa, lakini walilala sitaha ile ile ya chini, kwenye vitanda vya mbao vilivyofungwa kwa muda na kung'olewa bandarini. Nguzo na mihimili iliyokuwa juu ya vichwa vyao ndiyo hiyo ambayo mgeni wa leo anaweza kuigusa kwa mkono.

Kondoo, kisha makaa

Mwaka 1882 meli ya Dunedin ilipeleka Uingereza shehena ya kwanza ya nyama iliyogandishwa kutoka New Zealand. Kondoo ambao hapo awali walithaminiwa zaidi kwa sufu wakawa dhahabu. Tatizo lilikuwa kwamba bandari nyingi hazikuwa na majengo ya kugandishia nyama.

Meli kuukuu zikatumika badala yake. Mwaka 1885 Edwin Fox ilifungwa mitambo ya barafu na kuwa ghala linaloelea, ikitoka bandari moja hadi nyingine kwa kufuata machinjio. Januari 1897 ikafikishwa Picton, na haijaondoka katika maji ya eneo hilo tangu siku hiyo.

Kiwanda cha nchi kavu kilipojengwa, mitambo iliondolewa na meli ikawa gati na ghala la makaa ya mawe ya kiwanda hicho. Ilifanya kazi hiyo chafu hadi mwaka 1950, muda ambao ni mrefu kuliko miaka yake ya safari za bahari kuu. Kisha ikatelekezwa.

Ya uongo yapata umaarufu

Wakati Edwin Fox ikijazwa makaa, meli nyingine ilikuwa ikijipatia fedha kwa historia isiyo yake. Meli hiyo iliitwa Success. Iliundwa Burma mwaka 1840 na haikupata kamwe kubeba wafungwa kutoka Uingereza. Ilichokuwa nacho ni kwamba katika miaka ya 1850 ilitumika kama gereza la kuelea karibu na Melbourne.

Wafanyabiashara waliinunua, wakaijaza minyororo, masanamu ya nta na vyombo vya kutisha, wakaitangaza kuwa imeundwa mwaka 1790 na kwamba ndiyo meli kongwe ya wafungwa. Ilizungushwa Uingereza na Marekani kwa miongo kadhaa, na watu wasiohesabika wakalipa kiingilio. Iliteketea kwa moto katika Ziwa Erie, Marekani, mwaka 1946. Picha ya jela inayoelea niliyoitaja mwanzoni, ambayo bado imo vichwani mwa watu, kwa kiasi kikubwa imetokana na maonyesho hayo.

Shilingi moja

Edwin Fox iliokolewa na wakazi wa Picton. Mwaka 1965 chama kilichoundwa kwa ajili hiyo kiliinunua kutoka kwa kampuni ya nyama kwa bei ya shilingi moja.

Kununua kulikuwa rahisi kuliko kutunza. Mwaka 1967 ilivutwa hadi Ghuba ya Shakespeare, jirani na mji huo, ikakaa huko ufukweni takriban miaka 20 ikipigwa na mvua, kwa kuwa fedha hazikupatikana. Mwaka 1986 ilielezwa tena na kurudishwa Picton, na Mei 1999 ikaingizwa ndani ya chelezo ilimo hadi leo, chini ya paa. Serikali ya New Zealand imeiorodhesha katika daraja la kwanza la urithi wa kihistoria.

Mwaka 2023 wanahistoria wawili, Boyd Cothran na Adrian Shubert, walitoa kitabu kizima kuhusu meli hiyo. Kinafuatilia safari zake, zikiwemo za Cuba na Fremantle, kama njia ya kueleza jinsi biashara ilivyoiunganisha dunia katika karne ya 19.

Mpango wa awali wa chama ulikuwa kuirudishia milingoti, matanga na sitaha mpya ili ionekane kama ilivyokuwa siku zake. Baadaye wahusika waliamua kutofanya hivyo. Kuijenga upya kungemaanisha kutoa mbao nyingi za asili na kuweka mpya, na walichotaka kukihifadhi ni zile za mwaka 1853. Hivyo imeachwa kama ilivyokutwa, na mgeni hushuka kwa ngazi hadi ndani ya tumbo lake, mahali palipolala wafungwa 280, na kutembea katikati ya mbavu za msaji.